Kitufe cha magurudumu manne si hirizi: niliyojifunza katika matope ya Karagwe

KUULIZA si ujinga, walisema wahenga. Mimi nilikaa na gari langu miaka mitatu bila kuuliza. Siku nilipopewa jibu nilikuwa nimekwama kwenye matope saa mbili usiku, shangazi yangu akihema kwa shida kwenye kiti cha nyuma.

Ilikuwa Machi 2016, mvua za masika zimeanza kukolea. Asubuhi nilipigiwa simu kutoka Karagwe, upande wa Tanzania, kwamba shangazi amevimba miguu na pumzi inakatika. Sisi wengine tulirudi Rwanda mwaka 1995, yeye akabaki huko huko alikoolewa. Ndiye aliyenilea mpaka nikamaliza shule ya msingi. Sikuwa na la kufikiri. Nilijaza mafuta, nikatoka Kigali kwa njia ya Rwamagana, Kayonza na Kibungo, nikavuka daraja la Rusumo, nikashika mkono wa kushoto kama wenyeji wanavyoendesha, na pale Benako nikaiacha lami.

Wasomaji mnaofanya biashara ya maharage na mahindi mnaikumbuka barabara ya Benako kwenda Karagwe ilivyokuwa miaka hiyo. Zaidi ya kilomita 100 za changarawe, na njia za kuingia vijijini ni udongo mtupu. Lakini mimi sikuwa na wasiwasi. Gari langu ni Nissan X-Trail ya mwaka 2008, usukani kushoto kama sheria ya kwetu inavyotaka, dizeli, gia za mkono. Karibu na gia kuna kitasa cha duara chenye maneno matatu: 2WD, AUTO na LOCK. Aliyeniuzia alikigusa kwa kidole akaniambia, "Mzee, hii ni fowili. Ukizungusha hapa, hakuna kitakachokuzuia." Nikaamini.

Taa niliyoidharau

Kuna jambo sikulisema nyumbani. Wiki mbili kabla ya safari hiyo tairi za mbele zilikuwa zimeisha. Fundi akanishauri ninunue nne. Fedha zilikuwa chache, nikanunua mbili. Tena sikununua kipimo cha gari, ambacho ni 215/65 R16. Nilichukua 215/70 R16 kwa sababu zilikuwepo, na kwa sababu nilidhani zitaliinua gari kidogo. Tofauti ya kimo kati ya tairi hizo mbili ni sentimita mbili hivi. Niliona ni kitu kidogo.

Kabla hata sijafika Kayonza, nikiwa nimeweka kitasa kwenye AUTO, taa ya 4WD kwenye dashibodi ilianza kupepesa polepole. Inawaka, inazima, inakaa kidogo, inawaka tena. Nikasema moyoni kwamba gari likitembea, taa si neno. Niliendesha nayo mpaka mpakani, na kutoka mpakani mpaka kijijini.

Nilifika jioni. Shangazi alinitazama akasema, "Umekuja, mwanangu," na hakuongeza neno. Tukamlaza kiti cha nyuma, binti yake akampakata kichwa, tukaanza safari ya kwenda hospitali ya wilaya. Mvua ilikuwa imenyesha mchana kutwa. Kilomita chache kutoka kijijini kuna bonde, na baada ya bonde kuna kilima cha udongo mwekundu. Nikazungusha kitasa kwenye LOCK, nikakanyaga mafuta kwa nguvu zote.

Gari lilipanda nusu ya kilima. Kisha magurudumu yakaanza kuzunguka bure. Nikazidi kukanyaga. Taa iliyokuwa ikipepesa polepole ikaanza kupepesa haraka haraka, halafu nikahisi nguvu ya nyuma imekatika. Sasa yalikuwa yanazunguka magurudumu ya mbele peke yake, na kila nilivyokanyaga ndivyo yalivyojichimbia. Harufu ya kuungua ikaingia ndani. Nyuma yangu nasikia pumzi ya shangazi, fupi fupi.

"Zima, gari limechoka"

Juu ya kilima ziliteremka taa za RAV4 nzee, imejaa magunia. Likasimama, akashuka mama mmoja mwenye mabuti ya mpira, kanga kiunoni. Ni mfanyabiashara wa maharage, ananunua vijijini anapeleka mpakani. Alinusa hewa, akachungulia taa kwenye dashibodi, akasema, "Zima, kaka. Gari limechoka."

Nikamwambia nina mgonjwa. Akaenda dirisha la nyuma, akamsalimia shangazi kwa heshima, akamshika mkono. Aliporudi alisema, "Mgonjwa ndiyo sababu ya kuzima. Ukiendelea hivi utaunguza, na usiku huu hakuna gari jingine litakaloshuka huku. La kwangu limejaa, tena linaelekea kwingine."

Nikazima. Zile dakika 30 zilikuwa ndefu kuliko safari yote kutoka Kigali. Yeye hakukaa bure. Alichukua jembe garini mwake, tukaondoa tope mbele ya kila gurudumu, tukatandika majani ya migomba na mawe. Akatazama tairi zangu kwa tochi, mbele na nyuma, akatikisa kichwa. "Umelivalisha gari viatu vya watu wawili."

Kisha akanieleza taratibu kama anayemfundisha mtoto. Punguza upepo wa tairi kidogo. Zima kile kitufe cha ESP, maana hicho kikiona gurudumu linateleza kinaubana mguu wako wa mafuta, na kwenye tope gari hukosa nguvu ya kujitoa. Kitasa kwenye LOCK. Gia ya pili, wala si ya kwanza. Mguu mwepesi. Na ukianza kupanda usisimame.

Taa ilikuwa imetulia. Nikafanya alivyosema. Gari likatikisika, likashika, likapanda kama mzee anayepanda ngazi, bila haraka. Nilipofika juu nilitaka kushuka kumshukuru, lakini alinipungia mkono niende. Ila alipiga kelele neno moja la mwisho: "Kwenye mteremko, gia ya kwanza! Hiyo fowili haikuongezei breki!"

Tulifika hospitali kabla ya saa tano usiku. Shangazi alilazwa siku tisa, presha na moyo, akatoka kwa miguu yake. Daktari alisema tumefika kwa wakati. Mimi nilijua ni nani aliyetufikisha.

Kinachotokea chini ya gari

Baada ya safari hiyo ndipo nilipouliza, kwa mafundi na kwa kusoma kitabu cha gari ambacho kilikuwa kimelala kwenye droo tangu nilinunue. Nawaandikia kwa sababu magari ya aina hii ndiyo yamejaa pande zote mbili za mpaka, na wengi wetu tunaotoka nje na kurudi nyumbani tunayanunua kwa kutazama umbo na herufi za nyuma.

Gari la namna hii si Land Cruiser ya shamba. Kwa kawaida huvutwa na magurudumu ya mbele. Shafti inakwenda nyuma, na karibu na difu ya nyuma kuna klachi ndogo yenye sahani nyingi zinazobanwa kwa umeme. Kompyuta ikiibana, magurudumu ya nyuma yanapata nguvu. Ikiiachia, yanafuata tu. Halina ile gia nzito ya ziada ya kupandia milima, na tumbo lake liko juu ya ardhi kwa sentimita kama 20 tu. Kazi yake ni kukutoa kwenye utelezi na kukufikisha. Halikuundwa kulima.

Sasa yale maneno matatu. 2WD ni kwa lami kavu, na nguvu inabaki mbele. AUTO ni kwa mvua, changarawe na barabara usiyoijua, kwani kompyuta inatuma nguvu nyuma pale tu inapohitajika, hadi nusu kwa nusu. LOCK inabana klachi ili mbele na nyuma vigawane sawa, na ni kwa tope, mchanga na kilima chenye utelezi, kwa mwendo mdogo. Iweke kabla hujaingia kwenye tope, usingoje mpaka ukwame. Ukikaza mwendo inarudi yenyewe kwenye AUTO.

Kwenye RAV4 za kizazi cha 2006 hadi 2012 hakuna kitasa. Kuna kitufe chenye picha ya gari na kufuli, kinachofanya kazi ile ile, na kinajiachia ukipita kilomita 40 kwa saa. Usishangae ukakuta kimezimika baada ya kipande kizuri cha njia. Kibonye tena unapofika kwenye tope linalofuata. Subaru Forester huvuta kwa magurudumu yote wakati wote, na zile zilizotoka kuanzia mwaka 2013 nyingi zina kitufe cha X-MODE, nacho ni cha mwendo wa chini ya kilomita 40.

Magari mapya zaidi yana kitasa chenye maneno kama Snow, Mud & Sand, Rock & Dirt. Snow ni theluji, lakini usiipite. Inalegeza mwitiko wa mafuta ili magurudumu yasiteleze, na kwa hiyo inafaa kwenye lami yenye maji au udongo laini juu ya ardhi ngumu. Mud & Sand inaruhusu magurudumu yazunguke zaidi, kwa tope zito na mchanga. RAV4 za haibridi zenye magurudumu manne ni jambo jingine. Hazina shafti ya kwenda nyuma, magurudumu ya nyuma yanasukumwa na mota yao ya umeme. Kitufe cha Trail humo hufunga breki gurudumu linalozunguka bure, nguvu ikaenda kwa lenye kushika. Zinatoka vizuri kwenye utelezi wa kawaida, ila usizitarajie kuvuta magunia 10 kilima kizima cha tope.

Mambo ya kushika

Kwanza, tairi. Zote nne ziwe kipimo kimoja, aina moja, na zimelika karibu sawa. Tairi kubwa huzunguka mara chache kuliko ndogo, kwa hiyo klachi inasuguana njia nzima hata kwenye lami nyoofu, inapata moto. Ndicho kilichonipata. Ukilazimika kuvaa tairi ya akiba isiyolingana, weka 2WD, nenda pole mpaka kwa mziba pancha.

Pili, taa. Kwenye X-Trail yangu, ikipepesa polepole inakuambia kwamba mizunguko ya mbele na nyuma hailingani: kagua tairi na upepo. Ikipepesa haraka, mafuta ya kule nyuma yamechemka: simama mahali salama, acha ipoe mpaka itulie. Ikiwaka moja kwa moja injini ikiwa inafanya kazi, mfumo una hitilafu: weka 2WD, nenda kwa fundi. Magari mengine yana ishara zake, kwa hiyo fungua kitabu cha gari lako leo, kabla ya masika.

Tatu, kuvutwa. Gari la magurudumu manne likiharibika usikubali bredauni ilinyanyue mbele na kuburuta nyuma. Lipakiwe lote, magurudumu manne juu. Niliona jirani yangu anaokoa fedha ya kulipakia, akaja kulipa difu nzima.

Nne, na hili ndilo kubwa, magurudumu manne yanakusaidia kuondoka, hayakusaidii kusimama. Kila gari, hata lile dogo la teksi, lina breki nne. Wewe mwenye LOCK utafika kileleni wakati mwenzako ameshindwa, kisha mteremko unakungoja wewe peke yako. Shuka na gia ya kwanza, au L kwa gari la otomatiki, acha injini ishike, breki uiguse kidogo kidogo.

Tano, baada ya tope, rudisha upepo wa tairi kabla ya kurudi lami na uwashe tena ESP. Barabarani ndiyo inayokulinda.

Tairi zile mbili niliziuza kwa hasara wiki hiyo hiyo, nikakopa nikanunua nne. Shangazi aliishi miaka minne zaidi. Nilikwenda Karagwe mara nyingi katika miaka hiyo, na kila nilipoingia kwenye gari alikuwa akiuliza kwanza, kabla ya salamu za nyumbani, "Viatu vyote ni vya mtu mmoja?"

Yule mama sikumwona tena. Lakini kila ninapopita Rusumo na kuona RAV4 imelemewa na magunia, hupunguza mwendo nikatazama ni nani aliyeshika usukani.