Plasta haipakwi usoni

Swali limerudi tena, safari hii kutoka Mfangano: kijana anataka kumtengeneza Ekembo, yule sokwe wa kale wa Rusinga, kwa ajili ya mchezo wa kuigiza shuleni, anauliza ajipake mafuta kiasi gani kabla ya kumwagiwa plasta usoni ili kupata kalibu. Plasta haipakwi usoni. Iwe na mafuta, iwe na karatasi ya nailoni, iwe kwa dakika mbili tu, haipakwi.

Najua mtakachosema: mbona hospitalini wanafunga mguu kwa plasta hiyo hiyo? Hospitalini mguu huvishwa pamba kwanza, kisha bendeji yenye unga kidogo, iliyochovywa katika maji yasiyo moto. Hata hivyo, wapo wagonjwa waliowahi kuungua. Nyinyi mnataka kumwaga bakuli zima juu ya ngozi tupu! Unga ule ni jasi iliyochomwa hadi ikapoteza sehemu kubwa ya maji yake. Ukiurudishia maji unayanywa, na unapoyanywa hutoa joto. Likiwa tabaka nene, joto linaweza kupita nyuzi 60, na kwa nyuzi 60 ngozi huungua kwa sekunde chache. Mafuta huzuia plasta isinate; joto hayalizuii hata kidogo. Anayekuambia utie chumvi au maji moto ili igande upesi anakuongezea moto. Na ukianza kuungua, kuitoa ni shida, maana imekwisha kushika nyusi na kope. Mwaka 2007 huko Uingereza msichana wa miaka 16 alitumbukiza mikono katika ndoo ya plasta kwenye somo la sanaa. Alipoteza karibu vidole vyote. Sasa fikiria macho.

Kinachoniudhi zaidi ni kwamba uso wako hauhitajiki kabisa. Ekembo heseloni, ambaye fuvu lake Mary Leakey alilipata Rusinga mwaka 1948, alikuwa na kilo 10 hivi. Kichwa chako hakiingii ndani ya kichwa chake. Hata yule mkubwa, Ekembo nyanzae, aliyeacha mifupa ya mgongo na nyonga hapo hapo Mfangano, hakumfikia mtu mzima kwa uzito. Rick Baker aliwavisha watu ngozi za gorila katika filamu ya Gorillas in the Mist (1988) kwa kuwa ndani ya gorila mtu anatosha. Ekembo ni kikaragosi cha kuchezeshwa kwa mikono, na kazi yake huanzia kwenye fuvu.

Basi fanya hivi. Finyanga kichwa kwa udongo ukitazama picha za fuvu, za mbele na za ubavuni. Tabaka la kwanza la gazeti lilowe maji tu, bila gundi, lisije likang'ang'ania udongo. Yanayofuata, sita au saba, ubandike kwa uji wa unga wa muhogo, kila moja likauke. Pasua katikati, toa udongo, unganisha. Taya livutwe kwa waya wa breki ya baiskeli. Mwili ni sponji ya godoro kuukuu, manyoya ni katani iliyotiwa rangi. Mikono na miguu ikaribiane urefu, maana alitembea juu ya matawi kwa minne. Mkia usiweke, hakuwa nao.

Siku utakapopata kazi ya filamu inayodai uso wa mwigizaji, tumia algineti, jamii ya ile ambayo madaktari wa meno huchukulia umbo la meno, lakini inayoganda polepole. Matundu ya pua yaachwe wazi, mtu mmoja asimame kuangalia pumzi tu, na bendeji za plasta zije juu ya algineti iliyokwisha kuganda. Kama algineti haijapatikana, kazi ingoje.