Je, Wajua? Samoni Mchanga na Safari ya Kushuka Mto

Filamu za wanyama hupenda kutuonyesha samoni mkubwa akiruka maporomoko, akipanda mto kurudi alikozaliwa. Hiyo ni safari ya kurudi. Safari ya kwenda hufanywa na samaki wembamba, wengi wao usiku, na wengi hawaimalizi. Tuanzie chini ya mawe, tuteremke naye hadi Bahari ya Pasifiki.

CHINI YA CHANGARAWE

1. Kiota cha samoni huchimbwa kwa mkia. Jike hulala ubavu na kupigapiga mkia. Changarawe huinuka, mkondo huisukuma pembeni, shimo linabaki. Akishataga na dume akamwaga manii, jike husogea mbele kidogo na kuchimba tena. Changarawe ya shimo la pili ndiyo inayofukia mayai ya shimo la kwanza.

2. Jike moja la chinuki, aina kubwa kuliko zote za samoni wa Pasifiki, kwa kawaida hutaga mayai zaidi ya 3,000. Mayai hayo hupata hewa kutoka kwenye maji yanayopenya kati ya mawe. Tope laini likishuka kutoka barabara ya msituni au shamba lililolimwa hadi ukingoni, huziba nafasi hizo na mayai hufa kwa kukosa hewa.

3. Siku za kuanguliwa hutegemea joto la maji. Kwenye maji ya nyuzi 10 za sentigredi, mayai ya chinuki huchukua takriban siku 50. Kwenye nyuzi 5, muda hukaribia maradufu. Watotoaji vifaranga hujumlisha joto la kila siku, na jumla ikikaribia 500 hujua wageni wako mlangoni.

4. Anayetoka kwenye yai hana haraka ya kula. Hubeba tumboni mfuko wa kiini wenye rangi ya machungwa na huishi kwa akiba hiyo kwa wiki kadhaa, humo humo mawe yalimomficha. Mwanga haupendi hata kidogo.

5. Akiba ikiisha, hutoka usiku. Kazi ya kwanza ni kuogelea hadi juu, kugugumia hewa na kujaza kibofu kinachomwezesha kuelea. Asipofanya hivyo, ataendelea kuzama.

6. Wazazi hatawaona kamwe. Aina za Pasifiki kama sokai, chinuki, koho na samoni wa waridi wote hufa baada ya kutaga. Mizoga yao hulisha wadudu wa mtoni, na wadudu hulisha vifaranga. Nitrojeni iliyotoka baharini ndani ya miili hiyo imepimwa hata kwenye miti ya kando ya mito.

MALEZI YA MTONI

7. Kila aina ina ratiba yake. Samoni wa waridi akitoka kwenye changarawe huelekea baharini moja kwa moja. Sokai kwa kawaida hukaa ziwani mwaka mmoja au miwili. Koho hukaa mtoni mwaka au zaidi, na hupenda vidimbwi tulivu, vikiwemo vile vinavyotokea baada ya biva, yule mnyama mkata miti kwa meno, kuziba kijito.

8. Samoni wa waridi huishi miaka 2, hazidishi. Kwa hiyo wa miaka ya witiri na wa miaka ya shufwa hawazaani, hata mto ukiwa mmoja. Katika Mto Fraser, Kanada, wanaopanda kutaga ni wa miaka ya witiri.

9. Mwelekeo wanazaliwa nao. Vifaranga wa sokai wanaozaliwa katika mto unaotoka Ziwa Chilko, British Columbia, hupanda kinyume cha mkondo kuingia ziwani. Wenzao wa Mto Cedar, unaomwaga maji Ziwa Washington karibu na Seattle, huteremka. Mwaka 1980 mtafiti Thomas Quinn alionyesha kwamba vifaranga hao hutumia usumaku wa dunia kama dira: uga wa sumaku ukizungushwa, nao hugeuza njia.

10. Anayebaki mtoni huvaa mistari myeusi ya kusimama ubavuni, inayomficha kati ya vivuli na mawe. Huchagua jiwe lake, hujibanza nyuma yake mkondo usimchoshe, hutazama juu ya mto na kusubiri mdudu apite. Jirani akisogea, hufukuzwa.

11. Kwa samoni wa Atlantiki, dume wa urefu wa kidole anaweza kukomaa bila kuiona bahari. Madume wakubwa wakigombana juu ya kiota, yeye hupenya chini yao na kurutubisha sehemu ya mayai.

12. Jamaa yao yuko Kenya. Trauti aina ya rainbow, aliyeletwa na wakoloni kwenye mito baridi ya Mlima Kenya, ni wa jenasi moja na samoni wa Pasifiki, Oncorhynchus. Kwao, magharibi mwa Amerika Kaskazini, wapo wa spishi hiyo hiyo wanaokaa mtoni maisha yote, na wapo wanaoshuka baharini na kurudi wakiwa wakubwa mara kadhaa.

13. Mashamba ya mpunga hunenepesha samoni. Magharibi mwa Sacramento, California, watafiti wameingiza maji ya mto kwenye majaruba baada ya mavuno na kuweka vifaranga wa chinuki humo. Mabua yanayooza hulisha vijidudu vya majini, na samaki hukua haraka kuliko wenzao walio kwenye mkondo mkuu. Zamani kazi hiyo ilifanywa na mafuriko. Lakini kuta za kingo ziliutenga mto na sehemu kubwa ya nyanda zake.

KUJIANDAA KWA CHUMVI

14. Siku zikirefuka majira ya kuchipua, mwili hubadilika. Mistari hufifia, magamba hung'aa kama fedha, kiwiliwili huwa chembamba. Sasa anaitwa smolti.

15. Badiliko kubwa halionekani. Mtoni, maji huingia mwilini bila kualikwa. Samaki hukojoa sana na matamvua yake hunyonya chumvi. Baharini mambo hugeuka: mwili hupoteza maji, hivyo hunywa maji ya bahari, na matamvua hutoa chumvi nje. Mitambo hiyo yote hugeuzwa ndani ya wiki chache. Smolti akicheleweshwa mtoni, hasa maji yakipata joto, utayari huo hupotea.

16. Njia ya kurudi hukaririwa kwa pua. Arthur Hasler wa Chuo Kikuu cha Wisconsin alipata wazo hilo akipanda mlima huko Utah, pale harufu ya mimea ya karibu na maporomoko ilipomkumbusha utoto wake. Miaka ya 1970 yeye na wenzake waliwazoeza koho wachanga harufu ya kemikali, wakawaachia Ziwa Michigan, kisha wakatia kemikali ile ile kwenye vijito. Samaki walipokomaa waliifuata. Mkataa kwao ni mtumwa, na samoni kwao anakujua kwa harufu.

17. Ramani ya bahari pia anazaliwa nayo. Katika jaribio lililochapishwa mwaka 2014 huko Oregon, chinuki wachanga ambao hawajawahi kufika baharini waliwekwa kwenye uga wa sumaku ulioigwa. Walipopewa hali ya kaskazini ya mbali walielekea kusini. Walipopewa ya kusini walielekea kaskazini.

KUTEREMKA

18. Smolti wengi hushuka usiku, na penye mkondo mkali mara nyingi hutanguliza mkia, uso ukitazama walikotoka. Wa Chilko huondoka kwa makundi mazito. Samaki walao wenzao hujazana njiani na kushiba, lakini hawawezi kuwamaliza wote.

19. Smolti wa Idaho hupita mabwawa 8 kabla ya bahari: 4 ya Mto Snake na 4 ya Mto Columbia. Ngazi za kuwapandisha wakubwa zilikuwepo tangu bwawa la Bonneville, Mto Columbia, lilipofunguliwa mwaka 1938. Skrini za kuwaepusha wadogo na mitambo ya umeme zilikuja miaka mingi baadaye. Zamani maji ya theluji iliyoyeyuka yaliwasukuma haraka. Siku hizi lazima waogelee kupita maziwa ya mabwawa yaliyotulia.

20. Baadhi hupanda chombo. Kikosi cha Wahandisi cha Jeshi la Marekani huwakusanya smolti mabwawani, huwapakia kwenye matishari na malori, na kuwashusha chini ya Bonneville. Maji ya mto husukumwa kupitia matangi ya tishari muda wote wa safari.

21. Smolti wengi hubeba alama ya kielektroniki ya ukubwa wa punje ya mchele, isiyo na betri, inayosomwa kila wanapopita kwenye vipokezi vya mabwawa. Nyingine husomwa mahali pasipotarajiwa: kwenye mchanga wa kisiwa cha East Sand, karibu na mlango wa Columbia, ambako buabua na minandi walioshiba smolti huziacha na mavi yao.

22. Wavuvi hulipwa kuwalinda. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990, upo mpango Columbia unaolipa fedha kwa kila paikimino, samaki mwenyeji anayekula smolti, mwenye urefu wa sentimita 23 au zaidi. Wapo waliopata zaidi ya dola 100,000 kwa msimu mmoja.

23. Matairi yanaua koho. Mwishoni mwa 2020 watafiti wa Jimbo la Washington walimtaja mhusika: kemikali inayotokea pale kihifadhi cha mpira kiitwacho 6PPD kinapokutana na ozoni. Mvua huisomba kutoka barabarani, na koho hufa ndani ya saa chache. Maji hayo yakichujwa kwanza kwenye udongo, samaki hupona.

HESABU YA MWISHO

24. Mwaka 1992 sokai mmoja tu, dume, alifika Redfish Lake, Idaho, takriban kilomita 1,450 kutoka baharini na mita 2,000 juu ya usawa wake. Watu walimpa jina Lonesome Larry, na manii yake yakatumika kwenye mpango wa uzalishaji unaoendelea kuwaokoa wenzake.

25. Mabwawa 4 ya Mto Klamath, mpakani mwa California na Oregon, yalimalizwa kubomolewa mwaka 2024, baada ya miongo ya madai ya wenyeji wa asili kama Wayurok na Wakaruk. Oktoba mwaka huo huo chinuki walionekana juu ya yalipokuwa, mahali ambapo hawakuwa wamefika kwa zaidi ya karne.

26. Katika mayai 3,000, wakirudi wawili tu kutaga, jike na dume, kizazi hakijapungua. Mayai mengi hayafiki hata hatua ya smolti, ndiyo maana Baraza la Nishati na Uhifadhi la Kaskazini-Magharibi mwa Marekani liliweka kipimo kwa samoni wa Snake walio hatarini: katika kila smolti 100 wanaoteremka, warudi kati ya 2 na 6. Wakipungua chini ya 2, kipimo hakijafikiwa, hata ngazi za kupandia ziwe nzuri namna gani.