Mwalimu Aliyenyimwa Kazi: Sheria Yasemaje?

Si jambo geni mjini Wote, makao makuu ya Kaunti ya Makueni, kumsikia mzazi akinung'unika ya kwamba mwanawe amefuzu chuo cha ualimu na kuandikishwa, lakini kazi katika shule ya kijijini akapewa mwingine mwenye alama chache. Wengine humwambia anyamaze. Wengine humwambia akimbilie mahakamani. Mashauri yote mawili yaweza kumpotosha, kwa hiyo yafaa kila mtu aijue njia iliyo sawa.

Hapo zamani za ukoloni, walimu wa Ukambani waliajiriwa na misheni au na Bodi za Elimu za Wilaya. Chama cha walimu, KNUT, kilichoanzishwa mwaka 1957, kiliomba walimu wote wawe na mwajiri mmoja, na mwaka 1967 ikaundwa Tume ya Huduma za Walimu, yaani TSC. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 237, iliipa Tume hiyo kazi ya kuwaandikisha walimu, kuwaajiri, kuwapandisha vyeo na kuwahamisha.

Kifungu cha 232 chasema ya kuwa kazi za serikali zitolewe kwa mashindano ya haki na kwa sifa za mtu. Lakini kifungu hicho hicho chataka pia wanaume na wanawake, watu wa makabila yote, na walemavu wapate nafasi sawa. Basi asemaye, "Kazi ya hapa ni ya mtoto wa hapa tu," hana sheria inayomwunga mkono. Wala mwenye alama nyingi hawezi kudai ya kuwa alama peke yake ndizo zinazohesabiwa.

Mwenye malalamiko na aanze kwa kujua mwajiri ni nani. Walimu wa shule za chekechea za umma huajiriwa na kaunti kwa mkono wa Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti. Wale wa msingi na sekondari huajiriwa na TSC, ila wachache wanaoajiriwa na halmashauri ya shule yenyewe.

Kisha ajue pa kuanzia. Kwa kawaida miongozo ya TSC humtaka asiyeridhika amwandikie Mkurugenzi wa TSC wa Kaunti katika muda wa siku 7 baada ya mahojiano. Kwa kazi za kaunti, Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012, kifungu cha 77, yaruhusu rufani kwa Tume ya Utumishi wa Umma katika siku 90. Mwaka 2017, katika shauri lililohusu Bodi ya Kaunti ya Wajir, Mahakama ya Rufani iliamua ya kuwa njia hiyo haina budi kufuatwa kwanza. Aliyeruka ngazi hiyo huenda akarudishwa nyumbani hata kama ana haki.

Njia hizo zikiisha, shauri hupelekwa katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Mahakama Kuu iko papo hapo Wote, lakini Katiba, kifungu cha 165, yaikataza kusikiliza mambo yaliyowekwa chini ya mahakama ile ya ajira.

Wengi hudhani jaji atamchagua mwalimu. Sivyo. Jaji hutazama jinsi uchaguzi ulivyofanywa: je, kazi ilitangazwa? Je, wote walipimwa kwa kipimo kimoja? Je, aliyeathirika alinyimwa sababu kwa maandishi, ambazo kifungu cha 47 chamruhusu kuzidai? Pakiwa na kosa, aweza kuufuta uchaguzi na kuamuru urudiwe.

Hukumu za mahakama hiyo zaweza kuwagusa walimu wengi. Mwezi wa Aprili 2024 iliamua ya kuwa TSC haina mamlaka ya kuwaajiri walimu kama wanagenzi, bali yapaswa kuwaajiri walimu walioandikishwa kwa masharti ya haki. Wanagenzi wa sekondari ya chini walikuwa wakilipwa shilingi 20,000 kwa mwezi.

Kesi yahitaji ushahidi, na maneno ya sokoni si ushahidi. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Mwombaji aweke tangazo la kazi, nakala za vyeti vyake, orodha ya alama ikiwa imebandikwa, na kila barua yenye tarehe. Tena akumbuke ya kuwa kuajiriwa na TSC hakulipiwi hata senti moja. Aombwaye pesa aombwa hongo, na mpokeaji na mtoaji wote wawili wana hatia.

Jambo hili si la mwalimu peke yake. Uchaguzi ukiharibika, mwalimu mmoja hukosa mshahara, lakini watoto wa kijiji kizima hukosa mafunzo.