Kisiwa Kilichokuwa Samaki

Miongoni mwa nchi za ajabu zilizobuniwa na wasimulizi wa Alfu Lela Ulela, hekaya ambazo Antoine Galland alianza kuzichapisha kwa Kifaransa mwaka 1704, hakuna ipitayo kile kisiwa cha safari ya kwanza ya Sindbad Baharia, ambacho kwa hakika kilikuwa samaki mkubwa aliyelala baharini dahari na dahari, hata mchanga ukamrundikia mgongoni na miti ikaota. Mabaharia walipokoka moto wapate kupika, samaki akahisi harara yake, akazama pamoja na ardhi yote, naye Sindbad akasalimika kwa kushika beseni la mbao. Ajabu hiyo yaaminika kwa kuwa ina sababu yake; basi tuwasomee watoto wetu hekaya hii.