Kabla ya hema, tafuta cha kulalia

Baridi imeingia, na kila wiki kuna mtoto anayeuliza darasani: "Mwalimu, tutakwenda lini kulala jangwani?" Wazazi wao huuliza bei ya vifaa.

Mwaka jana familia yetu ilimaliza pesa yote kwenye hema kubwa la kupendeza. Ilipofika saa tisa usiku, huko Thumamah, sote sita tulikuwa tumebanana ndani ya gari. Hema lilikuwa zima. Kilichotushinda ni mchanga. Usiku wa Januari hapa Riyadh joto hushuka chini ya nyuzi 10, na jangwani huwa chini zaidi. Mchanga hupoa upesi jua likizama, na ukiulalia unakunyonya joto la mwili. Godoro la kujaza upepo halisaidii sana, maana hewa iliyomo nayo hupoa. Bora mkeka wa plastiki, juu yake godoro jembamba la sponji, kisha mablanketi mawili: moja la kutandika, moja la kujifunika. Pengine vyote mnavyo nyumbani.

Hema la bei nafuu linatosha, ila vigingi vyake vifupi hung'oka mchangani. Jaza mchanga kwenye mfuko wa nguo, ufunge kwa kamba ya hema, kisha uufukie. Kazi hii wapeni watoto.

Jiko la mkaa ni rahisi kupata, na safari bila chai ya tangawizi hainogi. Lakini tafadhali sana: jiko lisiingie ndani ya hema wala gari, hata makaa yakiwa yamebaki kidogo. Mkaa hutoa kaboni monoksaidi, hewa ya sumu isiyo na harufu, na aliyelala huenda asiamke tena. Chagueni jiko lenye miguu, na mwashe moto panaporuhusiwa tu; kwingine kuna faini.

Wenzetu wa Jeddah hawana shida ya baridi. Yao iko chini ya maji: kwenye matumbawe kuna viumbe wenye miiba mirefu myeusi, na kandambili huchukuliwa na wimbi la kwanza. Vaeni raba kuukuu zenye soli ngumu. Mkinunua miwani ya kupigia mbizi, ile inayofunika pua, ibandike usoni bila kufunga mkanda, kisha vuta pumzi kwa pua. Ikishika, inakufaa. Ikianguka, iache dukani hata ikiwa ya bei ghali.

Taulo msinunue. Khanga hukauka upesi zaidi, ila mwombeni mama kwanza.