Laini Moja, Wenye Kampuni Watatu

Chukua mkulima wa kahawa wa Kibosho aliyenunua laini ya Celtel Moshi mjini mwaka 2004 akaitunza mpaka leo. Mwaka 2005 kampuni ya MTC ya Kuwait iliinunua kampuni mama ya Celtel, pamoja na mitandao yake katika nchi 13 za Afrika, kwa dola bilioni 3.4 za Marekani. Mwaka 2008 jina likawa Zain. Mwaka 2010 Bharti Airtel ya India ikanunua mitandao ya Zain katika nchi 15 za Afrika kwa dola bilioni 10.7, na vibanda vya vocha vikapakwa rangi upya. Mkulima wetu hakusaini karatasi yoyote. Simu iliendelea kuita, na wanawe wa Dar es Salaam waliendelea kumpata.

Kampuni ya simu inayotaka kuingia nchi nyingine inahitaji vitu ambavyo fedha peke yake haivileti haraka: leseni, masafa, viwanja vya minara, wauzaji wa vocha, na watu wanaojua mlango upi wa kubisha serikalini. Anayenunua kampuni iliyopo anavikuta vyote. Anayeanza upya hukesha miaka akivitafuta, kama ilivyofanya Viettel, kampuni ya jeshi la Vietnam, iliyotandaza nyaya za mkongo vijijini kabla ya kufungua huduma ya Halotel mwaka 2015. Njia ya tatu ni kuingia ukiwa umeshika mkono wa mwenyeji. Ubia wa namna hiyo ndio ulioizaa ile laini ya Kibosho, na nadhani ndio unaotufundisha zaidi.

Mwaka 2001 Serikali ya Tanzania, iliyokuwa ikibinafsisha mashirika yake, iliwauzia asilimia 35 ya hisa za TTCL, shirika lake la simu, wabia wawili: Detecon ya Ujerumani na MSI, kampuni ya Mo Ibrahim, mhandisi mzaliwa wa Sudan, ambayo baadaye ilijulikana kama Celtel. Wabia hao walipewa pia uendeshaji wa shirika. Ndani ya TTCL ikaanzishwa huduma ya simu za mkononi, Celtel Tanzania. Mwaka 2005 kampuni hizo mbili zilitenganishwa. Mtoto akamzidi mzazi mbio: Celtel ilikua, huku TTCL ikibaki na simu za mezani ambazo watu walikuwa wakizikata mwaka hadi mwaka. Serikali ilibaki na asilimia 40 ya Celtel Tanzania, na asilimia hizo zikafuata kila mauzo, Kuwait hadi India.

Asilimia 40 ni nyingi kwenye karatasi. Lakini mbia mdogo ambaye hakai kwenye meza ya uendeshaji huambiwa kila mwaka kwamba kampuni ina madeni, na mara nyingi madeni hayo kampuni inadaiwa na mama yake wa ng'ambo. Mwishoni mwa mwaka 2017 Rais John Magufuli alidai hadharani kwamba Airtel Tanzania ni mali ya TTCL. Januari 2019, baada ya mazungumzo yake na Sunil Mittal wa Bharti, hisa za Serikali zilipandishwa kutoka asilimia 40 hadi 49, na mkopo wa dola milioni 407 ambao kampuni ya Tanzania ilikuwa ikidaiwa na wenye hisa wakubwa ukafutwa. Wapo waliosema mazungumzo hayo yangewatisha wawekezaji. Mimi naona jambo lililochelewa ni kuuliza. Maswali hayo yalistahili kuulizwa mwaka 2001, wino ukiwa mbichi.

Hata hivyo ubia wa Celtel ulileta neema moja ambayo wafanyabiashara wa mpakani, Holili na Tarakea, hawakuwa wameiota. Mwaka 2006 kampuni hiyo iliunganisha mitandao yake ya Tanzania, Kenya na Uganda. Mtu aliyevuka kwenda Taveta, upande wa Kenya, alipiga simu kwa bei ya wenyeji, alipokea bila kutozwa, na aliweza kuweka vocha ya huko huko. Kabla ya hapo, kupokea simu tu ukiwa nchi ya jirani kulimaliza salio. Hapa ndipo faida ya kampuni kuwa na mizizi katika nchi nyingi inapomfikia muuza vitunguu.

Vodacom ya Afrika Kusini ilianza Tanzania mwaka 2000 ikiwa na wabia wa hapa nchini. Kitu kilichoipa uzito huku mlimani Kilimanjaro ni M-Pesa, iliyozaliwa Kenya mwaka 2007 kwa ushirikiano wa Vodafone na Safaricom, kisha ikavuka mpaka mwaka 2008. Huku kwetu ilianza taratibu, kwa sababu mtandao wa fedha bila mawakala ni bure. Walipoenea hadi Mwika na Machame, mama aliyekuwa akisubiri bahasha mkononi mwa kondakta wa basi alianza kupokea hela ya vibarua wa kahawa siku ile ile. Jina la M-Pesa lenyewe lilibaki mali ya Vodafone ya Uingereza hadi mwaka 2020, Vodacom na Safaricom walipolinunua kwa pamoja. Na mwaka 2017 Vodacom ilipata takriban asilimia 35 ya Safaricom, hivyo simu inayodaka mnara wa Kenya pale Holili imehamia kwa ndugu wa mtandao ule ule.

Sheria iliyataka makampuni ya simu kuuza asilimia 25 ya hisa kwa umma kupitia Soko la Hisa la Dar es Salaam. Vodacom ilitangulia mwaka 2017, kwa shilingi 850 kila hisa, ikakusanya shilingi bilioni 476. Watanzania peke yao hawakuzimaliza, mlango ukafunguliwa kwa wageni. Naumia nikikumbuka hilo. Wakala wa M-Pesa wa mtaa wa Majengo aliyewaunganisha wateja kila siku angeweza kuwa mwenye kampuni, lakini ni wachache waliomfafanulia hisa kwa lugha aliyoizoea.

Minara nayo ina wenyewe wengine. Mteremko wa Kilimanjaro umekatwa na mabonde marefu, na mnara unaohudumia mgongo mmoja hauoni ng'ambo ya korongo. Gharama ya kila kampuni kujenga wake ni kubwa mno. Ndiyo maana mwaka 2010 Tigo, na mwaka 2013 Vodacom, ziliiuzia Helios Towers ya London minara yao, kisha zikawa wapangaji. Juu zaidi, ambako faida ni ndogo, ilifika TTCL, iliyorudi mikononi mwa Serikali kikamilifu mwaka 2016: mwaka 2022 ilipeleka intaneti kituo cha Horombo, kwenye mita 3,720, na kabla mwaka haujaisha ikafika kilele cha Uhuru.

Huku chini mnara husimama kwenye kiwanja cha mtu. Kampuni ya London inayotaka kupanga kona ya kihamba, shamba la ukoo, inakuta ardhi ambayo baba aliirithi kwa babu na ambayo kaka wa Dar es Salaam naye ana neno juu yake. Kodi ya miaka kumi na zaidi huandikwa kwenye mkataba mmoja. Familia ingefaa ikae chini na mwanasheria, isome kipengele cha kupandisha kodi na kile kinachoruhusu mkataba kuhamishiwa mnunuzi mwingine, kwa maana mnunuzi mwingine atakuja.