Kabla ya Kushika Mrija

Siku hizi ziara za kitamaduni zimefika mpaka kwetu. Mgeni analala Jinja au Mbale, asubuhi anachukuliwa na gari, na jua likianza kuwa kali yuko chini ya Mwamba wa Tororo na kiongozi wake wa watalii. Yuko peke yake, maana amelipia asichanganywe na kundi. Wanapanda ngazi wakihema. Kileleni anaonyeshwa kiwanda cha saruji, vilima vya Sukulu vyenye fosfeti, Mlima Elgon kule kaskazini, na Kenya ng'ambo. Anasimuliwa habari ya radi, kwamba kitabu cha rekodi cha Guinness kiliwahi kuutaja mji huu kuwa na wastani wa siku 251 za ngurumo kwa mwaka, hesabu ya kati ya 1967 na 1976. Mchana ni Busia: soko, malori, wanawake waliojitwika samaki. Halafu jioni, ili siku ikamilike, anapelekwa nyumba ya mtu "kuona wenyeji wanavyokunywa."

Ugomvi wangu unaanzia hapo jioni.

Niliwahi kukaa karibu na mgeni wa namna hiyo, mama wa makamo, mtu mpole tu. Alikuwa ametoka kutembea Tashkent kule Uzbekistan, akanisimulia jinsi kiongozi wake wa huko alivyomfundisha kunywa chai. Chai humiminwa kwenye bakuli dogo ikarudishwa birikani mara tatu kabla ya mtu yeyote kuionja. Tena mwenyeji akikujazia bakuli nusu, usinung'unike: amekuheshimu, anataka uendelee kukaa ili akuongeze. Akikujazia pomoni, ujue umeshaagwa. Aliyasimulia hayo kwa unyenyekevu, kama mtu aliyekabidhiwa siri ya ukoo. Dakika chache baadaye alikitazama chungu chetu cha ajono, akawatazama wazee waliokizunguka na mirija yao, akauliza kwa sauti ya chini kama kuna glasi safi.

Simlaumu. Kule Tashkent alielezwa kabla ya kuonja. Kwetu aliambiwa sentensi moja: "Hii ni pombe ya kienyeji, wote wanakunywa chungu kimoja." Sentensi hiyo ni kweli, na haina maana yoyote.

Basi na nieleze mimi. Wateso tunaiita ajono, Jopadhola wanaiita kongo, mjini Uganda wengi wanasema malwa, na ukivuka kwa Waluhya utaikuta busaa, ingawa upishi wao una yake. Huanza na unga wa wimbi, siku hizi wengine wanachanganya mahindi au muhogo kwa sababu ya bei. Unga hukandwa kwa maji, ukafukiwa shimoni juu ya majani ya migomba, au ukafungwa ndani ya pipa, ukae kama juma moja mpaka uchachuke na harufu yake imfikie jirani. Kisha ndipo kazi yenyewe. Bati pana huwekwa juu ya mafiga, kuni zikakolezwa, na unga ule mbichi ukakaangwa kidogo kidogo huku ukigeuzwa kwa mwiko mrefu, mpaka uwe kahawia na vidonge vyake viachane. Anayekaanga ni mwanamke, na moshi wote ni wake. Ukishakaangwa huanikwa juani siku nzima, kuku wakifukuzwa. Halafu hurudishwa majini pamoja na kimea, yaani wimbi lililooteshwa, likakaushwa na kusagwa, ukaachwa siku chache uchemke wenyewe bila moto. Kwa hiyo unapoona chungu kimoja jioni, umeona zaidi ya juma zima la mgongo wa mama mmoja.

Kinachomiminwa chunguni ni machicha mazito, na juu yake maji ya moto. Ya moto kweli kweli, yanayotoka mvuke. Wale wanaohofia vijidudu wangeanza kwa kulitazama birika. Na mrija haupokezanwi ovyo. Kila mtu ana wake, mrefu kuliko mtu aliyesimama, wa mmea mtambaao wenye uwazi ndani, na kwenye ncha yake umefumwa kichujio kizuie machicha. Mzee anayejiheshimu huja na mrija wake ndani ya ala ya mwanzi, huondoka nao, na mtoto wake hauchezei. Ukimwona mtu ameazima mrija, ama ni kijana, ama ni mgeni, ama amepoteza mke.

Lakini hayo bado ni vyombo. Ajono yenyewe ni namna ya kuketi. Wanaume kwenye viti vya kukunja na vigoda, wanawake kwenye mikeka, na kila mmoja anajua kwa nini amekaa alipokaa. Mkwe wa kiume hawezi kuketi chungu kimoja na mama mkwe wake. Akifika akamkuta ndani, hubaki uani, na watu humtengea chungu cha nje bila kuulizana.  Huchungulii chunguni. Hupulizi ndani ya mrija povu likatoka; mtoto akifanya hivyo anachapwa, mtu mzima akifanya hivyo watu wanaanza kujiuliza ana nia gani. Hupigi chafya mbele ya chungu, ukizidiwa unatoka. Na hamwachi mwenzenu anywe peke yake mkamtazama. Mtu anayekunywa faraghani, amefunga mlango, kwetu amekuwa akishukiwa tangu zamani, kwa sababu uchawi na sumu vinatafuta upweke. Kushika mrija pamoja na watu ni kusema: nimekuja mikono mitupu, sina kinyongo na yeyote hapa. Ndiyo maana majirani waliogombana kwa mpaka wa shamba hawapatanishwi kwa maneno matupu. Huwekwa chungu, wakaitwa wote wawili, na wazee wakatazama ni nani atakayekuwa wa kwanza kuinamia mrija.

Tena mtoto wetu huonja ajono kabla hajajua kuitwa. Siku ya kupewa jina, bibi huchovya kidole kwenye ajono, akakitia mdomoni mwa mtoto huku akitaja majina ya waliotangulia, moja baada ya jingine. Mtoto akinyonya, jina limemkubali. Akitema au akilia, bibi anaendelea na orodha. Nimeona mtoto aliyekataa majina ya ukoo mzima wa baba mpaka watu wakaanza kucheka, akaja kunyonya kwa jina la shangazi mmoja mkorofi ambaye hakuna aliyetaka arudi. Akapewa. Hiyo ndiyo sherehe ambayo mtalii angepaswa kuiona, na haiwezi kupangwa kwa simu.

Mahari nitayapita, yameandikwa mno na yote ni ng'ombe na kelele. Ngoma za kuchezewa wageni nitazipita pia. Tohara siyo yetu, ni ya Wagisu kule Mbale, kila mwaka usiogawanyika kwa mbili wao hupumzika, na anayeitaka ameshapelekwa huko. Matanga ya mwisho, ambayo sisi tunayaita apunya na Jopadhola lumbe, yanastahili makala yake. Hapa niseme tu kwamba bila ajono marehemu hajaagwa, na watu wanalijua hilo hata wale waliookoka.

Kiongozi wa watalii hupenda pia kusimama penye kivuko akasema, "Hapa ndipo Uganda inapoishia." Inaishia kwa nani? Mwaka 1902 Waingereza waliichukua sehemu ya mashariki ya Uganda wakaiunganisha na himaya yao ya pili, ambayo leo ni Kenya, na Mto Malaba ukawa mpaka. Wateso wakajikuta nusu huku na nusu kule, Wasamia vivyo hivyo. Watu hawakuacha kuzikana wala kuoana. Kituo cha pamoja cha mpakani Busia kilipozinduliwa na marais Kenyatta na Museveni mwaka 2018, wafanyabiashara walifurahi, na walikuwa na haki. Ila mzee wa Amagoro, upande wa Kenya, anayekwenda kumzika shemeji Tororo hajawahi kuona kwamba anasafiri ng'ambo. Na kuhusu Wateso na Jopadhola wa Tororo, ambao kwa miaka mingi wamevutana juu ya kuigawa wilaya na mji uwe wa nani, nitasema moja: nimewasikia wakitupiana maneno makali redioni asubuhi, na jioni nikawakuta chungu kimoja. Wanasiasa wetu hawanywi ajono siku hizi, wanakunywa bia za chupa.

Chupa ndiyo iliyotuvunja. Siyo sheria, ingawa sheria ilijitahidi. Upande wa Kenya, enzi za Rais Moi, mama mpishi alikuwa akimwaga chungu kizima shimoni akisikia gari la chifu, na alipokamatwa alihesabiwa pamoja na wapika chang'aa, kana kwamba uji uliochachuka na spiriti ni ndugu. Sheria ya chang'aa ya mwaka 1980 ilikuja kufutwa mwaka 2010, lakini hofu haikufutwa nayo. Makanisa nayo yalifanya yao: mlokole hashiki mrija, na kwa kuwa hashiki mrija hakai na wazee, na asipokaa nao hajui ni nani mkwe wake wa mbali. Kisha vikaja vijipakiti vya plastiki vya pombe kali, kijana ananyonya mfukoni akitembea, hana wa kumwambia basi. Serikali ya Uganda ilivipiga marufuku mwaka 2019, vikiwa vimeshazoesha kizazi kizima kunywa peke yake. Halafu korona. Baa za Uganda zilifungwa Machi 2020, zikafunguliwa Januari 2022. Karibu miaka miwili bila kuketi. Wapo wazee walioingia mwaka ule wakiwa na mirija yao, na watu waliporudi chunguni, wao hawakuwapo.

Najua jibu la msomaji aliyekulia kwenye nyumba ya mlevi. Ulevi upo, na wapo wanaume wanaouza mahindi ya watoto wakamalizia kilabuni, sitawatetea. Ila mlevi wa ajono alikuwa na mashahidi. Wazee walimnyang'anya mrija. Mke wake alijua amekaa wapi, na nani, na deni lake ni kiasi gani. Wa kipakiti anaokotwa mtaroni na watu wasiomjua. Watu wetu waliohamia Kampala walilielewa hili bila kufundishwa: vikundi vyao vya malwa vina mwenyekiti, mweka hazina, kanuni na faini, na mwanachama akifiwa kikundi kinachanga na kukodi gari la kumpeleka maiti nyumbani. Huko mjini, kwenye vibanda vya mabati, desturi imeshikwa kwa nguvu kuliko vijijini, na mara nyingi ndiko ninakowaona vijana wakifundishwa wasichungulie chunguni.

Narudi kwa kiongozi wa watalii, maana ndiye aliyenichokoza. Ziara ya siku moja inalipwa kwa dola. Dereva ana posho, mlangoni pa mwamba kuna ada, hoteli ina chake. Mama wa ajono hulipwa bei ya chungu kimoja, ile ile anayolipa mtu wa bodaboda. Maji ya moto hatozi, hayajawahi kutozwa. Nilipomwuliza kijana mmoja wa kazi hiyo, alinijibu kwamba mama "anafurahi kupata wageni." Anafurahi, ndiyo. Lakini wimbi limepanda bei, kuni zinatoka mbali, na binti zake hawataki moshi wa bati: mmoja anauza laini za simu Malaba, mwenzake yuko Uarabuni kwenye kazi za nyumbani. Kijana huyo anajipunguzia mtaji wake mwenyewe. Amlipe mama kama anavyomlipa dereva, amwache aeleze kwa kinywa chake, naye atafsiri tu. Na amfikishe mgeni mapema, maji ya kwanza yakiwa bado birikani na mkwe akitafutiwa pa kukaa, siyo saa kumi na moja jioni watu wakiwa wameshaanza kuimba.